Kabla Hujatia Dole Gumba

Juma lililopita dada mmoja wa Mambrui aliniandikia: "Dadangu, wanataka mwanangu aingie kwenye utafiti wa dawa. Nikubali?" Sikumwambia akubali wala akatae. Kesho yake nilipanda tuktuk nikaenda naye hadi kliniki.

Nina sababu. Miaka tisa iliyopita binti yangu aliingizwa kwenye utafiti wa homa za watoto, na mimi ndiye niliyetia sahihi. Mtoto anawaka moto mgongoni, foleni imefika nje, na karatasi zile sikusoma hata moja. Nilidhani sahihi ndiyo ruhusa ya kumwona daktari. Hakuna aliyenidanganya. Lakini pia hakuna aliyeniuliza nimeelewa nini.

Mume wangu alikuwa baharini. Mavyaa wangu ndiye aliyeiona plasta kwenye mkono wa mtoto. "Umempa mumiani damu ya mjukuu wangu?" Mumiani ni mnyonya damu wa hadithi za kutisha, na aliyelelewa pwani anajua neno hilo lina uzito gani. Siku tatu hakunisemesha, chai akajipikia mwenyewe.

Siku ya nne alikuja kijana mmoja wa utafiti. Alivua viatu, akaketi mkekani, akaomba kijiko cha chai na maji kidogo. Akakijaza. "Bibi, damu tuliyochukua ni hii." Mililita tano. Mavyaa alikishika kile kijiko, akakisogeza kwenye mwanga wa mlango, maji yakatetemeka. Akasema: "Mbona hamkuanza na hiki?"

Jamani, mbona hamkuanza na hiki!

Utafiti ukaisha, nikapewa nauli ya mwisho, kisha kimya. Matokeo niliyasikia redioni miaka miwili baadaye, nikipaa samaki uani. Wageni wa mbali waliambiwa kabla yangu mimi niliyemshika mtoto akidungwa. Hilo linaniuma mpaka leo, wala sitalificha.

Hata hivyo sikubaliani na wanaosema tuzikatae tafiti zote. Chanjo ya malaria ya RTS,S, iliyopendekezwa na Shirika la Afya Duniani Oktoba 2021, ilijaribiwa kwanza kwa watoto zaidi ya 15,000 katika nchi 7 za Afrika, wakiwemo wa Kilifi hapa kwetu. Na kuna utafiti wa FEAST, wa Kenya, Uganda na Tanzania. Madaktari waliamini kwamba mtoto mahututi mwenye homa, ambaye damu haizunguki vizuri, huokolewa kwa kumiminiwa dripu nyingi kwa haraka. Baada ya watoto 3,141 kuingizwa, utafiti ulisimamishwa mwaka 2011, kwa sababu waliomiminiwa ndio waliokufa zaidi. Bila kupima, tungeendelea kuwaua watoto huku tukidhani tunawaponya.

Kwa hiyo uliza, mama. Uliza watachukua damu kiasi gani, na wakuonyeshe kwa kijiko. Uliza mtoto akidhurika nani atagharamia matibabu. Dai nakala ya fomu, na nambari ya simu ya kamati ya maadili, ile inayowalinda washiriki wa utafiti, iwemo. Ukichoka katikati una haki ya kujitoa, na matibabu ya kawaida ya mwanao yasiguswe. Usitie dole gumba siku hiyohiyo ukiwa na hofu. Rudi nyumbani ukashauriane na watu wako. Kisha uliza tena.

Nanyi watafiti, mkija kutuomba damu mnaujua mlango wetu. Mkipata majibu, njooni kwa mlango uleule, hata kama majibu yenyewe ni kwamba dawa haikufaa kitu.

Yule dada wa Mambrui aliuliza maswali tisa, nikiyahesabu. La mwisho lilikuwa: "Majibu ataniletea nani?" Muuguzi alinyamaza, akaliandika kwa kalamu kwenye daftari lake, akasema atamuuliza mkubwa wake. Mtoto akapimwa, akapewa dawa yake ya kikohozi kama mgonjwa mwingine yeyote, na fomu ikarudi nyumbani ndani ya mkoba bila sahihi. Moyo wangu ulijaa fahari.

Jana amenipigia. Mumewe amefika ukurasa wa tatu na yeye ana maswali yake. Alhamisi tunarudi, watatu.