Je, kuvu inaweza kutanda kati ya nyota?

Swali: Assalaam alaykum, daktari. Mimi ni mwalimu, naishi Langoni, Lamu, na ninawaandikia wanafunzi wangu hadithi ya sayansi. Kiumbe wangu ni kuvu moja kubwa mno, iliyotandaza nyuzi zake kutoka nyota hadi nyota na kupashana habari kupitia nyuzi hizo. Mwanafunzi mmoja ameniuliza inakula nini huko juu, nikakosa jibu. Je, kitaalamu jambo hili linakubalika?

Jibu: Wa alaykum salaam, mwalimu. Mwanafunzi wako ana jicho kali. Ila mimi ningetanguliza swali jingine: inakunywa nini?

Kuvu haina mdomo wala tumbo. Uzi wake humwaga vimeng'enya nje, chakula kikayeyuka hapo hapo, kisha ukakifyonza. Kazi hiyo yote hufanyika majini, hata yawe ni unyevu tu wa ukuta wa chokaa wakati wa masika. Kwenye ombwe la angani maji hayakai. Huwa mvuke au barafu. Uzi mbichi ukiachwa wazi huko hukauka.

Halafu tupige hesabu. Proxima Centauri, nyota iliyo karibu zaidi na Jua, iko umbali wa miaka-nuru 4.24, yaani kilomita trilioni 40 hivi. Uzi mmoja tu wenye unene wa maikromita 5 (maikromita ni sehemu moja ya elfu ya milimita), ukivutwa hadi huko, utakuwa na uzito wa karibu tani laki nane, na sehemu kubwa ni maji. Nani atayaleta? Na mwendo je? Neurospora, ukungu wenye mbio kuliko wengi, hurefuka kama milimita 4 kwa saa. Kwa kasi hiyo, kufika Mwezini peke yake ni miaka milioni 11.

Kwa hiyo nyuzi ziondoe angani, uziweke ndani ya nyotamkia, yale mawe ya barafu na vumbi yanayosafiri angani. Kati ya jiwe na jiwe kuvu yako ivuke ikiwa spora, yaani punje ya uzazi ya kuvu, imelala.

Mezani kwangu hapa Malindi nina kipande cha mbata iliyoanikwa vibaya. Kimeota ukungu wa kijani-njano, jamii ya Aspergillus. Nikikigusa kwa ncha ya sindano chini ya hadubini, linatimka vumbi, na kila punje ni spora. Zipange ishirini hivi kwa mstari, ndio utimize upana wa unywele mmoja. Ndani yake maji ni machache na uhai umepunguza kazi zake karibu zote. Huyo ndiye msafiri wako.

Jambo hili limejaribiwa. Mwaka 2008 kuvu nyeusi ya miamba ya Antaktika, Cryomyces antarcticus, iliwekwa nje ya Kituo cha Kimataifa cha Anga kwa miezi 18. Katika sampuli zilizowekwa kwenye hali zinazofanana na za Mirihi, zaidi ya asilimia 60 ya seli zilibaki nzima, ingawa zilizoweza kuzaliana tena hazikufika asilimia 10. Weusi huo ni melanini, inayosaidia kuikinga seli na mionzi. Kuvu nyeusi zimekutwa hata ndani ya jengo la kinu cha nyuklia kilicholipuka Chernobyl mwaka 1986. Utasikia watu wakisema zinakula mionzi. Majaribio ya 2007 yalionyesha baadhi zikikua haraka zaidi penye mionzi, lakini kuigeuza kuwa chakula, kama jani linavyofanya kwa mwanga, hakujathibitishwa. Kinga iwe nayo. Karamu ya mionzi usiipe. Na mionzi huko haikosekani: setilaiti Uhuru, iliyorushwa kutoka jukwaani baharini hapa Ngomeni tarehe 12 Desemba 1970, ilikwenda kuchunguza eksirei zitokazo angani.

Sasa mwanafunzi wako apate jibu lake. Nyotamkia zina kemikali za kaboni. Chombo cha angani Rosetta kilikuta glisini, mojawapo ya asidi amino zinazojenga protini, kwenye nyotamkia 67P. Chakula basi kipo. Hata ukosefu wa oksijeni una njia, maana kuvu za tumboni mwa ng'ombe huishi bila hiyo. Kizito ni kile kile, maji. Barafu ya nyotamkia ikipata joto la Jua hupaa moja kwa moja kuwa mvuke. Hapo ndipo ubuni wako uingie: weka mfuko uliozibwa chini ya ganda la jiwe, wenye maji ya chumvi kali, kwa sababu chumvi huyachelewesha maji kuganda. Mfano hai upo: Hortaea werneckii, kuvu nyeusi inayoishi kwenye mabwawa ya kuvunia chumvi. Mashamba ya chumvi wanafunzi wako wanayajua au wameyasikia, hivyo hawatapata tabu kuliona hilo.

Kuhusu kupashana habari, ndani ya jiwe moja nyuzi zinatosha. Kutoka Jua hadi nyota iliyo karibu zaidi hata mwanga huchukua zaidi ya miaka minne, na spora itachukua makumi ya maelfu ya miaka. Waandike kama ukoo uliotawanyika kwa jahazi kutoka Lamu hadi Ngazija: asili moja, ila kila tawi limeshika njia yake na lahaja yake. Kwangu mimi hadithi hiyo ni nzuri kuliko ya bongo moja kubwa.

Mkija Malindi, nipitieni. Nitamwekea huyo kijana mbata chini ya hadubini, aishike sindano mwenyewe.