Mbona hawauzibi tu ule ufa wa Cardiff?

SWALI: Shikamoo anko. Mimi na mdogo wangu tumemaliza Torchwood, siriz ya BBC, msimu wa kwanza na wa pili, na tumebishana wiki nzima hatujaelewana. Chini ya mji wa Cardiff, kule Wales, kuna ufa wa wakati, watu na viumbe wa karne zingine na sayari zingine wanadondokea pale, na wale jamaa wa kikosi cha Torchwood wanaoulinda wana mtambo mkubwa kabisa chini ya ardhi. Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Sasa mbona hawauzibi yakaisha? Na mtambo kama ule unaweza kuwepo kweli?
Msomaji, Morogoro

JIBU: Marahaba mwanangu. Nimefurahi sana kupata hii barua manake hii siriz naipenda tangu ilipoanza 2006.

Kwanza ule ufa uliwahi kuzibwa. Tafuteni Doctor Who ya 2005, ile siriz iliyoizaa Torchwood, episodi ya tatu, inayotokea Cardiff krismasi ya 1869. Kuna binti anaitwa Gwyneth, mfanyakazi wa ndani kwenye nyumba ya mzee anayeandaa maiti kwa mazishi, amekulia juu ya ule ufa hadi anasoma mawazo ya watu, na viumbe wa upande wa pili wanamtumia yeye kama daraja la kuvukia, wanaingia kwenye maiti. Ndani gesi ya taa imejaa mpaka watu wanakohoa. Anawaambia wenzake watoke, anabaki peke yake na kibiriti. Hiyo ndiyo ilikuwa teknolojia yote, njiti moja. Ufa ukajifunga ila ukabaki na kovu, na lile kovu linavuja nguvu, ndiyo maana Doctor, yule msafiri wa wakati, baadaye anapaki chombo chake pale Cardiff kama mtu anayejaza mafuta sheli.

Sasa huo mtambo wa Torchwood mimi nauona kama koki. Kompyuta zao zinapima ufa unatikisika wapi na saa ngapi, wanakimbilia huko kukamata kilichodondoka, lakini kila mtambo wenyewe unapowashwa mpaka mwisho ni kwa ajili ya kufungua. Hata 2008 dunia ilipoibiwa na Daleks, wale maadui wa Doctor, nguvu za ufa ndizo zilitumika kama kamba ya kuivutia irudi mahali pake.

Na wanaofungua sio watu wabaya, hapo ndipo panaponiuma. Mnakumbuka Toshiko, mtaalamu wao wa kompyuta, na bosi wake Jack walivyonasa 1941 kwenye ukumbi wa dansi wakati wa vita? Toshiko ana nusu ya hesabu ya kufungulia ufa, wenzake waliobaki wakati wetu wana nusu nyingine, kwa hiyo anaziandika namba azifiche pale pale ukumbini wazikute miaka zaidi ya sitini baadaye, na zile za mwisho anajikata mkono anaziandika kwa damu yake. Zikapatikana, lakini zingine hazipo. Ianto, mmoja wa wenzake hao, anasema tusifungue hesabu haijakamilika, mwenzao Owen hasikii, yule rubani aliyempenda ameondoka kupitia ufa huo huo, basi Ianto anampiga risasi ya bega na bado jamaa anafungua. Episodi inayofuata wagonjwa wa tauni ya kale wanaingia hospitali na askari wa Kirumi yuko mtaani. Mtambo haukuharibika hata kidogo, ulifanya kazi ulivyoagizwa.

Kuhusu kuwepo kweli, hapana, hakuna mtambo wa namna hiyo. Ila mwanafizikia Stephen Hawking mwaka 1992 aliandika wazo kwamba sheria za maumbile zenyewe zinazuia njia ya kurudi nyuma kwenye wakati isifunguke, manake ukikaribia kuifungua nguvu zinazunguka zinajirudia zinajijaza mpaka njia inavunjika, kama vile maiki ya harusini ukiielekeza kwenye spika inavyopiga ule mlio. Halijathibitishwa mpaka leo. Wakati kwenda kwa kasi tofauti lakini ni kweli kabisa, saa za satelaiti za GPS zingeachwa hivi hivi zingetangulia za kwetu kama mikrosekunde 38 kila siku na ramani ya simu yako ingekupoteza.

Sasa nirudi kwa swali lako la kuziba, manake wewe na mdogo wako mmeangalia vitu vinavyoingia tu. Ule ufa pia unachukua. Rudieni episodi ya Jonah, mtoto wa sekondari aliyepotelea njiani anarudi nyumbani, mama yake Nikki anakwenda kila mahali na picha yake. Gwen, naye wa Torchwood, anakuja kugundua kwamba ufa ulimmeza ukamrudisha, na Jack amemficha kwenye kisiwa cha Flat Holm pamoja na wengine waliorudishwa. Imepita miezi saba tu kwa mama, lakini mtoto karudi mtu mzima mwenye makovu usoni, na anapiga kelele kwa muda wa saa 20 kila siku.

Kwa hiyo ukisema wazibe, wale ambao bado hawajarudi wanabaki huko huko moja kwa moja. Mimi kabla ya hiyo episodi nilikuwa upande wako, baada ya hapo nikasema hapana, uachwe wazi hata kama kinarudi kilichobaki tu. Lakini sina uhakika, manake Nikki mwenyewe baada ya kumuona mwanae na kuzisikia zile kelele anamwambia Gwen aahidi, asije akamfanyia mzazi mwingine hivi, kwani kabla ya hapo alikuwa na kumbukumbu ya mtoto wake anacheka.