Kwa mnaoanza kusuka vikapu vya milulu: hesabu ya siku kabla ya nakshi

Wengi wanaokuja kujifunza kusuka milulu, majani ya kinamasi, huku Iringa huanza kuuliza habari za nakshi: mistari ya zambarau inazungushwaje, jina la mtu linaandikwaje kwenye mfuniko. Nakshi mtaziweza, vidole havichelewi kufundishika. Kinachowatoa watu kwenye kazi hii ni kutojua kikapu kinakula siku ngapi, na siku zenyewe ziko upande gani wa mwaka.

Hilo mimi nilifundishwa na bibi mmoja wa Kihehe ambaye kijijini kwao walimwita Msuka Miaka. Lilianza kama jina la kumcheka. Alikuwa na kikapu chembamba, kirefu, ambacho hakikuwa cha kuuza. Kila siku aliyoketi kusuka kazi za wateja, kabla ya kuinuka alikiongezea mzunguko mmoja. Siku ya shamba au ya msiba hakukigusa. Mwezi ulipoandama aliingiza unyuzi mweusi. Mvua za kwanza za masika zilipopiga, alikifunga mdomo akaanzisha kingine.

Sasa kisomeni kikapu hicho. Nyanda za Juu Kusini mvua zetu ni za msimu mmoja, kuanzia Novemba au Desemba hadi Aprili, wakati mwingine Mei. Karibu na kitako, nyuzi nyeusi zimebanana: hapo ndipo watu wanapanda mahindi, kisha palizi, kisha palizi tena. Katikati zinaanza kuachana. Juu, miezi ya kiangazi, kati ya unyuzi mweusi na mwenzake mizunguko ni mingi kuliko ya masika yote.

Mfanyabiashara mmoja alifika kwake mvua zikiwa zimekolea, akitaka mzigo mkubwa kwa mwezi mmoja. Baada ya "kamwene", salamu ya Kihehe, na uji, bibi hakubishana naye. Alimwekea kikapu mapajani, akamwonyesha kipande cha mwezi kama ule kwa mwaka uliopita. "Hesabu mwenyewe, baba. Huo ndio mwezi nilionao." Akahesabu, akachukua vichache, vingine akaagiza vya Agosti. Wasukaji wenzake waliokubali kila oda walikesha na vibatari, wakatoa vikapu vilivyolegea, na wateja hawakurudi.

Msidhani nawaambia msuke kikapu cha mwaka ili watalii wapige picha. Daftari linatosha. Mjukuu wake mmoja ni fundi pikipiki Mbeya, pale Uyole. Yeye huchora mstari ukutani kila siku yenye kazi, na anajua vizuri mwezi gani asikope vipuri. Huo nao ni urithi wa bibi, ingawa hajawahi kushika mlulu.

Turudi kwenye malighafi, maana siku nyingi hupotelea huko. Mlulu ni jani la kinamasi. Sisi hulikata mvua zikishakatika, kwa kisu kikali, tukiacha shina ili lichipue tena. Anayeng'oa na mizizi anang'oa kazi ya mwakani. Kisha kukausha, na hapa mtu wa Mafinga au Njombe asijipimie kwa mtu wa Iringa mjini. Kule Juni na Julai ukungu hushinda umelala, na kilichokauka Iringa mjini kwa jua la siku chache, kule bado kinanyong'onyea. Ukisuka mlulu ambao haujakauka sawasawa, kikapu kitakuwa kizuri siku ya kukiuza. Baadaye majani yatasinyaa, mizunguko itaachana, na unga utapita. Kwa hiyo kausha kabisa, halafu siku ya kusuka lowesha kidogo tu, kiasi cha kupinda bila kuvunjika. Ukilowesha kupita kiasi unakaribisha kuvu nyeusi isiyotoka hata kwa sabuni. Nyuzi za rangi zianikwe kivulini, jua linazifubaza.

Na angalieni mnakokata. Milulu mingi inapakana na vinyungu vya watu, yaani bustani za bondeni, na kinyungu kina mwenyewe hata kama hamwoni uzio. Ombeni. Pia Sheria ya Mazingira ya mwaka 2004 inalinda mita 60 kutoka chanzo cha maji, basi msiende kufyeka na kulima humo kwa kisingizio cha kupanda milulu.

Bei. Wengi wanaoanza kusuka hutaja bei ya jirani, wakajiona wameuza. Tuseme kikapu umekiuza shilingi 15,000. Toa 2,000 za rangi na 1,000 za nauli, zinabaki 12,000. Kama kilikuchukua saa 20, umelipwa shilingi 600 kwa saa, na bado hujahesabu kukata na kukausha. Huenda kwako inatosha, kama unasuka jioni huku unapiga soga. Lakini ukiiacha palizi kwa ajili ya 600, ni lazima ujue kwamba umeiacha kwa hiyo 600.

Wateja wana majira yao pia. Watalii wa Hifadhi ya Ruaha huwa wengi kiangazi, kati ya Juni na Oktoba. Maonyesho ya Nane Nane ya kanda yetu hufanyika Mbeya, Uwanja wa John Mwakangale, mwanzoni mwa Agosti. Hayo yote yanaangukia miezi ambayo mikono haina jembe. Krismasi ndiyo mbaya, inakuja na mbegu. Oda za Krismasi zipokeeni Agosti, mteja akiwa ametanguliza nusu ya pesa, na vikapu viwe vimekamilika kabla wingu la kwanza halijasimama. Anayekuja Desemba akitaka vyake vya haraka, mwonyesheni vilivyopo achague.