Maswali ya wasomaji: giza, maji na milango ya Brennenburg

Barua nyingi zilizotufikia zinahusu Amnesia: The Dark Descent, gemu ya Frictional Games ya Uswidi iliyotoka Septemba 2010. Mchezaji huona kila kitu kwa macho ya Daniel, Mwingereza anayezinduka mwaka 1839 ndani ya ngome ya Brennenburg, Prussia. Anakumbuka jina lake, anajua kuna kitu kinamwinda, na zaidi ya hapo ni machache mno. Silaha hana, wala hatapewa. Tumeanza na gemu hiyo, kisha tukajibu barua kuhusu gemu ndugu zake, SOMA na Amnesia: The Bunker. Siri za hadithi tumeziacha zilipo.

Mafuta ya kandili yananiishia kabla sijamaliza vyumba viwili, na viberiti havifiki popote. Daniel anaanza kuyumba, anasaga meno, mende wanatambaa kwenye skrini. Nakosea wapi? – Msomaji, Kayole

Ndugu, kosa liko kwenye kandili. Wengi huiwasha mlangoni na kutembea nayo mpaka ikauke. Kandili ni ya kutafutia, na kiberiti ni cha kujenga mahali pa kurudi. Ukiingia chumbani, bonyeza F uiwashe, zungusha macho mara moja ujue droo, rafu na milango iko wapi, kisha izime. Kaa gizani kidogo. Macho ya Daniel huzoea, na baada ya muda mfupi utaona umbo la vitu bila tone la mafuta.

Kiberiti kimoja huwasha mshumaa au mwenge mmoja tu, lakini mwanga huo haukugharimu tena. Utabaki ukiwaka hadi hadithi yenyewe ilete upepo wa kuuzima. Kwa hiyo usiwashe kila mshumaa unaokutana nao. Washa ule ulio kwenye njia panda utakayopitia tena, au ulio kando ya fumbo litakalokuweka hapo kwa muda. Mshumaa wa mwisho wa ukumbi usio na mlango mwingine uache.

Sasa kuhusu akili ya Daniel, kwa maana hapa ndipo barua nyingi zimekwama. Hushuka akiwa gizani, akimtazama zimwi, na akishuhudia mambo ya kuogofya ambayo gemu imeyatega njiani. Kusimama kwenye mwanga huzuia isiendelee kushuka. Kinachoipandisha kweli ni kusonga mbele: kutatua fumbo, kufungua njia mpya. Mtu anayejikunyata pembeni mwa mwenge akingoja Daniel apone anapoteza muda wake. Bonyeza Tab, tazama picha ya ubongo na ya moyo, ujue hali yake, kisha uende kwenye fumbo lililo karibu.

Katika hali ya kawaida akili ikifika chini kabisa haikuui. Daniel huanguka, hujikokota polepole, kisha huinuka. Hatari ni kuanguka hivyo zimwi akiwa karibu. Ila kama ulichagua hali ngumu iliyoongezwa mwaka 2018, mambo ni mengine: akili ikiisha unakufa, gemu haijihifadhi yenyewe, na kila unapotaka kuhifadhi unalipa viberiti vinne. Hali hiyo ingoje umalize gemu mara moja kwanza.

Nimekwama kwenye handaki lililofurika maji baada ya sehemu ya Amnesia iitwayo Refinery. Kuna kitu nisichokiona kinaniua kila nikishuka. – Msomaji, Umoja

Huyo haonekani kabisa, na ndiyo maana sehemu hii imewashinda wengi. Unachoweza kuona ni maji yanayoruka pale anapokanyaga. Mtazame kwa dalili hiyo, na utagundua sheria yake moja: hukugusa ukiwa majini tu. Ukisimama juu ya sanduku uko salama, hata akipiga maji chini ya miguu yako. Hivyo hakuna haraka. Pumua, tazama sanduku linalofuata, uone kama unaweza kuruka bila kugusa maji.

Umbali ukizidi mruko wako, mpe chambo. Kuna vipande vya maiti na vitu vingine juu ya masanduku na rafu. Shika kimoja kwa kitufe cha kushoto cha kipanya, elekea upande ulio mbali na unakotaka kwenda, rusha kwa kitufe cha kulia. Usikiangushe karibu nawe, maana utakuwa umemwita. Ngoja uone maji yakiruka kuelekea huko, ndipo ushuke na kukimbia hadi sanduku la pili. Nyama humshughulisha kwa muda, kwa hiyo itunze kwa pale penye mwendo mrefu. Ukifika kwenye gurudumu la kuinulia lango, rusha chambo kabla hujaligusa. Wengi hufia hapo kwa sababu huanza kuzungusha kwanza na kumkumbuka baadaye.

Mwisho kuna korido ndefu ambapo masanduku hayatakusaidia. Hapo shika Shift na kukimbia tu. Kama una nafasi ya kusukuma mlango ujifunge nyuma yako, fanya hivyo. Atauvunja, lakini sekunde hizo ndizo unazohitaji. Kugeuka nyuma hakuna faida: hakuna cha kuona, na utagonga ukuta.

Zimwi wa kawaida akiniona nifanye nini? Nimejaribu kumrushia viti, haanguki. – Msomaji, Pipeline

Haanguki. Viti vitumie kuzibia mlango. Tazama kwanza mlango unafungukia upande gani: ukifungukia kwako, sanduku uliloweka nyuma yake litamchelewesha, ingawa akiuvunja mlango anaingia tu. Ukifungukia anakotoka yeye, hata usihangaike kupanga vitu. Funga, toka kwenye mstari wa macho yake, ingia chumba kingine.

Ukijificha, zima kandili, chuchumaa kwa Ctrl, elekea ukutani. Kumchungulia hushusha akili, na akili ikishuka inakuwa rahisi zaidi kwake kukuona. Ukilazimika kuchungulia, tumia Q na E kuegemea pembeni mwa ukuta, kwa kufumba na kufumbua. Muziki wa hatari ndio saa yako. Ukififia, subiri bado kidogo. Mazimwi wengi wa gemu hii hawalindi mahali milele. Wakikupoteza huzunguka, kisha hutoweka.

Na ukifa, usikasirike ukafunga kompyuta. Gemu hukurudisha karibu, na mara nyingi zimwi huwa amehamishwa au kuondolewa. Watengenezaji walifanya hivyo makusudi, kwa kuwa zimwi uliyemkariri njia zake hakutishi tena.

Jambo moja ambalo hakuna aliyeuliza, nasi tunaona ni kubwa kuliko yote hapo juu: hedifoni. Ukicheza na sikio moja linalofanya kazi na jingine limekufa, hujui mlango uliolia uko kushoto au kulia, na gemu nzima inageuka bahati nasibu. Chukua za waya zinazosikika pande zote mbili. Za Bluetooth nyingi huchelewesha sauti, na hatua ya zimwi inakufikia akiwa tayari amesogea.

Nina laptopu ya ex-UK niliyonunua Moi Avenue, RAM 4 GB, haina kadi ya michoro ya peke yake. Itaiweza? Na stima ikipotea je? – Msomaji, Githurai

Kwa Amnesia ya 2010, uwezekano ni mkubwa. Mahitaji yake ya chini ni prosesa ya 2 GHz, RAM 2 GB na nafasi ya 3 GB. Andika dxdiag kwenye sehemu ya kutafutia ya Windows uone una chipu gani ya michoro. Kama ni Intel HD ya miaka ya karibuni, fungua gemu, nenda kwenye mipangilio ya michoro, zima SSAO na Parallax (madoido ya vivuli na ya kina), shusha ubora wa vivuli, na uondoe kulainisha kingo. SSAO pekee hula nguvu nyingi kwenye mashine za aina yako. Chomeka chaja wakati wa kucheza, maana laptopu nyingi hujipunguza kasi zikitumia betri.

Stima ikipotea, laptopu yenye betri nzima haikupi shida: fungua menyu, chagua kuhifadhi na kutoka. Mwenye kompyuta ya mezani bila UPS (betri ya akiba) atarudi pale gemu ilipojihifadhi yenyewe mara ya mwisho. Faili zako ziko kwenye Documents, folda ya Amnesia, kisha Main. Nakili folda hiyo kwenye flashi kila ukimaliza, hasa kama kompyuta mnaitumia wengi nyumbani.

SOMA ni habari nyingine. Inataka RAM 4 GB, kadi ya michoro ya kiwango cha GTX 260 na nafasi ya 25 GB. Kabla hujachoma bando la kupakua, hakikisha mashine inafikia hapo.

Nikicheza dakika ishirini napata kizunguzungu na kichefuchefu. Je, ni woga? – Msomaji, South B

Woga una sehemu, lakini kisa kikubwa ni macho kuona mwendo ambao mwili hausikii. Upana wa kuona (FOV) ukiwa mdogo hali huwa mbaya zaidi, hasa ukikaa karibu na skrini. Amnesia huja ikiwa imewekwa 70. Funga gemu, fungua folda yake ya config, tengeneza nakala ya faili iitwayo game.cfg, kisha ifungue kwa Notepad, tafuta FOV na uweke 85. Usipite 90, picha itaanza kupindika pembeni. Kwenye SOMA upana huo hubadilishwa ndani ya mipangilio.

Halafu rudi usome jibu la msomaji wa Kayole. Akili ya Daniel ikishuka, skrini huyumba na kufifia kwa makusudi. Anayekaa gizani sana katika gemu hii huumwa kichwa kuliko anayetunza mwanga wake. Keti mbali kidogo na skrini, acha taa ndogo ikiwaka nyuma yake, na ukihisi mate yanajaa mdomoni acha mara moja. Kujikaza hakusaidii.

Taa hiyo isiangaze kwenye kioo. Gemu ikifunguka mara ya kwanza inakutaka upime mwangaza hadi picha ionekane kwa taabu, fuata hivyo. Anayepandisha mwangaza kwa sababu anacheza mchana pazia likiwa wazi hupata ukungu wa kijivu mahali pa giza, na vitisho vyote hupotea.

Mtoto wangu wa miaka 13 anasema SOMA ina hali salama, kwa hiyo inamfaa. Ni kweli? – Mama, Buruburu

Mama, hali hiyo ipo, iliongezwa Desemba 2017, miaka miwili baada ya gemu kutoka. Unaichagua unapoanza gemu mpya, na mazimwi wanabaki palepale bila kukuua. Lakini kinachobaki ndicho kizito: kituo cha chini ya bahari, maiti, na maswali kuhusu nafsi na kifo ambayo humsumbua hata mtu mzima usiku. Nchini Marekani gemu hiyo imepewa alama M, yaani miaka 17 na zaidi. Kwa miaka 13, jibu letu ni hapana.

Kwa mtu mzima anayependa hadithi na kuchukia kukimbizwa, tunaipendekeza hali hiyo bila kusita.

Nacheza Amnesia: The Bunker. Nimetafuta mtandaoni namba za kabati, hakuna hata moja inayofungua. Na jenereta inanizimikia kila mara. – Msomaji, Rongai

Namba za mwenzako si zako. Katika gemu hii ya Juni 2023, inayochezwa ndani ya handaki la wanajeshi wa Ufaransa wa Vita vya Kwanza vya Dunia, namba za makabati hubadilika kila unapoanza upya. Ziko kwenye vibati vya utambulisho vya wanajeshi waliokufa. Kila maiti unayoikuta, kagua kibati, kigeuze, soma jina na namba, kisha tafuta kabati lenye jina hilo.

Jenereta hula mafuta unayookota kwenye makopo. Saa ya mfukoni hukuonyesha mwanga umebaki kiasi gani. Ilinganishe na safari yako kabla hujatoka kwenye chumba salama. Safari moja iwe na lengo moja: chombo fulani, mlango fulani, kisha urudi. Kuhifadhi ni kwenye taa ya chumba hicho, kwa hiyo anayezurura na mizigo akisema ataongeza chumba kimoja tu hupoteza kazi yote.

Tochi ya kuvuta kamba usiichaji karibu na matundu ya ukutani, kwa maana mngurumo wake unasikika na yule mnyama anayekuwinda hutokea humo. Bastola nayo inaita. Risasi humfukuza kwa muda tu, haimuui. Ifungue mara kwa mara uhesabu zilizomo, kwa kuwa hakuna namba itakayokuonyesha kwenye skrini.