Kupe hawazoei dawa: maswali yenu kuhusu mageuko ya viumbe

Tangu niandike hapa kuhusu fuvu la Zinjanthropus, kiumbe wa kale wa ukoo wetu, lile lililopatikana Olduvai mwaka 1959, meseji hazikatiki. Matusi nimeyafuta. Haya ndiyo maswali niliyoona yanastahili jibu.

Dawa ya kuogeshea ng'ombe niliyotumia miaka yote, sasa kupe wanaiona kama maji. Wameizoeaje? (Mfugaji, Arumeru)

Kwanza tulitupe hilo neno "kuzoea". Kupe aliyepata dawa ya kumtosha alikufa siku ileile, hakupata nafasi ya kuzoea chochote. Kupe jike akishiba damu huanguka chini na kutaga mayai kwa maelfu. Watoto hao hawalingani kwa kila kitu, kwa sababu vinasaba vinaponakiliwa hutokea makosa madogomadogo ya bahati nasibu. Mengi hayana maana, mengine yanaua. Mara chache sana kosa moja linampa kupe uwezo wa kuivunja sumu kabla haijamwangusha. Bila dawa, uwezo huo haumsaidii kitu. Siku unapopuliza, wenzake wanadondoka, yeye anabaki na ng'ombe mzima peke yake, na watoto wake wanaurithi. Misimu michache tu, zizi lako limejaa ukoo wake.

Kupe mmojammoja hakubadilika hata kidogo, kilichobadilika ni kundi. Hilo ndilo Charles Darwin alilolieleza mwaka 1859, ingawa vinasaba hakuvijua. Vimelea vya malaria walitufanyia hivyohivyo kwa klorokwini, hadi Tanzania ikaiacha kama dawa ya kwanza mwaka 2001.

Na wewe unayezimua dawa ili chupa ifike mwisho wa mwezi (usibishe, tunajuana), wale wenye kinga nusunusu unawaponya mwenyewe. Mwone bwana mifugo akupe dawa ya kundi jingine. Kubadilisha nembo ya chupa hakusaidii kama kiambato ni kilekile.

Kama tulitokana na nyani, mbona wa hapa kwetu hawageuki watu? (Kidato cha nne, Moshi)

Hukutokana na nyani huyo anayekuibieni mahindi. Babu yako alikuwa na watoto wawili, mmoja akabaki kihambani Kibosho, mwingine akahamia Dar. Leo wajukuu wa Dar Kichagga hawakijui. Sijasikia mtu akiuliza kwa nini binamu wa Kibosho hajageuka kuwa wa Dar. Binamu yetu wa karibu ni sokwe, tuliachana naye takriban miaka milioni 6 au 7 iliyopita. Na nyani tuliachana zamani zaidi, na hana deni lolote la kuwa mtu.

Wageni huwa nawaambia twiga alirefuka shingo kwa kujinyoosha afikie majani. Nimewadanganya? (Dereva wa watalii, Arusha)

Kidogo. Mbeba vyuma hazai mtoto mwenye misuli iliyotuna. Waliozaliwa na shingo ndefu kidogo ndio walioacha watoto wengi zaidi. Ni kwa sababu ya majani ya juu, au ya madume kupigana kwa shingo? Wataalamu bado wanabishana.

Jumamosi nilinunua shingo nzima ya mbuzi, nikaichemsha hadi nyama ikaachia, nikazipanga pingili mezani huku mke wangu akiniangalia kwa huruma. Saba. Twiga naye ana saba, ila pingili yake moja yaweza kuzidi sentimita 25 kwa urefu. Wewe na mimi, saba. Mageuko hayana karatasi nyeupe ya kuanzia upya, yanarefusha kilichopo. Ndiyo maana mshipa wa fahamu unaokwenda kwenye koo la sauti la twiga hutoka kichwani, ukashuka hadi kifuani, ukazunguka mshipa mkubwa wa damu karibu na moyo, kisha ukapanda tena shingo yote. Hata kwako uko hivyo, ila safari ni fupi. Waambie wageni hilo, uone kama tipu haitaongezeka.

Maziwa fresh yananivuruga tumbo, jirani yangu Mmasai anashushia kikombe kizima. Kwa nini? (Mama wa Soko la Kilombero)

Watoto wote huwa na kimeng'enya cha kusaga sukari ya maziwa. Kwa watu wengi duniani hupungua wakishaacha kunyonya. Katika jamii za wafugaji, wenye kosa la kinasaba lililokiacha kiendelee kufanya kazi walinufaika. Utafiti uliotolewa mwaka 2007 ulionyesha kuwa wafugaji wa Tanzania na Kenya wana mabadiliko tofauti na ya Wazungu, lakini matokeo ni yaleyale. Wewe kunywa mgando, bakteria wameshakupunguzia hiyo sukari.

Wewe Mungu unamwamini? (Wengi)

Jumapili niko benchi la nyuma. Tuendelee.

Yote hayo ni nadharia tu. Nani alikuwepo? (Moshi)

Walikuwepo viumbe wa kale wa ukoo wetu, kule Laetoli, hapohapo Ngorongoro. Majivu ya volkano yalianguka, mvua ikanyesha, yakawa kama saruji mbichi, nao wakapita juu yake. Mwaka 1978 timu ya Mary Leakey ilikuta nyayo zao zikifuatana kwa takriban mita 27, za miaka milioni 3.66 iliyopita. Ni miguu miwili, na kidole gumba kimelala sambamba na vingine, hakikutanuka kama cha sokwe. Ubongo wao ulikuwa kama theluthi ya wetu, kwa hiyo kutembea wima kulitangulia akili nyingi. Na pembeni, kwenye majivu hayohayo yaliyogeuka jiwe, vishimo vya matone ya ile mvua bado vinaonekana.