Trekta linafika kwa nani kwanza?

Mhariri, wiki hii mmeuliza kama plau ya ng'ombe ipelekwe makumbusho kwa kuwa trekta zimefika vijijini. Huku kwetu Kongwa, mkoani Dodoma, trekta si geni. Waingereza walileta ya kwao mwaka 1947 kwa mradi wa karanga, udongo ukakauka ukawa kama saruji, na 1951 wakauacha. Mimi nauliza: trekta la kukodi linaanza kwa nani?

Kuna mwaka mvua zilichelewa hadi Januari. Nilikuwa nimelipia trekta eka nne za baba. Mvua ya kwanza ikanyesha, dereva akasema kesho. Kesho yake tukamwona kwenye mashamba makubwa ya kando ya barabara, na keshokutwa vilevile. Dodoma tuna msimu mmoja tu wa mvua, haungojwi. Baba hakugomba. Alizunguka nyuma ya tembe, akaivuta plau iliyolala misimu mitatu, imekula kutu, boliti moja haipo. Akafunga waya. Maksai tukaazima kwa jirani, pamoja na nira. Watoto wako shule, basi kamba ya mbele nikaishika mimi. Baba nyuma, mikono kwenye plau, ananiambia: "Usivute. Tembea tu, watakufuata." Ndivyo alivyoniambia nikiwa darasa la tatu. Kila tukifika mwisho wa shamba anainyanyua plau, anaigeuza, halafu anasimama kidogo ameshika kiuno. Siku tatu, eka mbili, mtama chini. Trekta lilikuja wiki mbili baadaye, likamaliza zilizobaki asubuhi moja. Mwishoni mwa Machi mvua ikakata. Mtama wa plau ulishaanza kujaza punje. Ule wa trekta ulikuwa ndio kwanza unatoa masuke, ukakauka.

Nilikaa kuandika nikitaka kusema plau isiguswe. Lakini nimekikumbuka kile kiuno. Nimekumbuka na Januari zangu za darasa la tatu, wenzangu wanafundishwa kugawanya, mimi niko mbele ya maksai. Mwanangu simpi ile kamba.

Kwa hiyo mkitaka jibu moja, nasema trekta. Ila lifike mvua ya kwanza, na liingie hata kwenye eka mbili zenye visiki, si kando ya barabara tu. Kabla ya hapo plau ya baba haiendi makumbusho. Boliti nimeshamnunulia.