Sokwe wa Kibale si mababu zetu

Dada, umeuliza umjibu vipi mwanao anayesema: kama tulitokana na sokwe, mbona wa Kibale, ule msitu wa Uganda, bado wapo?

Mwambie hatukutokana nao. Sisi na wao tuna mababu wa pamoja walioishi Afrika miaka milioni 6 au 7 hivi iliyopita. Kisha koo mbili zikaachana, kila moja ikabadilika kivyake. Ukoo wa gorila, kama wale wa msitu wa Bwindi, pia Uganda, ulijitenga mapema zaidi. Kwa hiyo sokwe ana undugu wa karibu na mtu kuliko na gorila! Hili mtoto alisikie vizuri, maana wengi hudhani kinyume.

Mkienda Kibale, vaeni barakoa na msiwakaribie: mafua yetu huwaambukiza na huweza kuwaua.